Bosi Amelipa

Na wewe, ungekuwa wewe, mama yako mzazi ameshamwambia mtu mwenye kalamu kwamba anayemlisha ni wewe, mtoto wake msomi, na kalamu imesimama hewani inangoja uitikie tu kwa kichwa, ungefanya nini? Ungecheka, ungelia, au ungejifanya unakohoa kama anavyojifanya Msomi sasa hivi, kikohozi kikavu cha uongo, mpaka mama anampigapiga mgongoni, "pole mwanangu, ni hii feni," na feni yenyewe haizunguki, imening'inia darini na vumbi lake kama popo aliyekosa wa kumzika, lakini mama ndiye mama, mtoto wake akikohoa lazima apatikane mchawi... na bahati, simu ya afisa wa madai ya bima imeanza kutetemeka juu ya meza, anaitazama, anainua kidole kimoja, "samahani kidogo, hii lazima niipokee," kalamu mkono wa kulia, simu sikio la kushoto, "eeh, fundi, niambie, hiyo gari imefikia wapi?"... haya fundi, Mungu akupe maneno, mweleze nati moja moja, usiruke hata waya, maana ukinyamaza tu swali litarudi mezani, na swali lenyewe lilikuwa jepesi kama unyoya, limetupwa huku afisa anapiga miayo, "mama, kabla ya ajali, matunzo yako ulikuwa unayapata kwa nani?" na mama, ambaye tangu asubuhi alikuwa amejikunja kwenye kiti cha plastiki kama mtu aliyekuja kuomba chumvi, akanyooka, akauweka sawa mtandio, akajibu kama mwanafunzi aliyeletewa swali alilolisomea, "kwa huyu hapa, binti yangu, ana digrii huyu, anafanya kazi na kampuni ya mbali, wanalipana humohumo kwenye simu, mwezi haujaisha keshanitumia, sijalala njaa tangu amalize chuo," na kiganja chake kikatua juu ya goti la Msomi, kizito, kina joto, kama muhuri.

Kampuni ya mbali... mbali kweli sasa, mbali hata simu haifiki, maana kampuni hiyo haikuwa na ofisi wala mkurugenzi wala nembo, ilikuwa na ngazi moja, ndoo mbili na brashi zilizofungwa kwa mpira wa baiskeli, kampuni ilikuwa kaka yake, fundi rangi, yuleyule ambaye lori la mizigo lilikata kona likapanda njia ya waenda kwa miguu likamkuta, yeye na ngazi yake begani, yeye akafa palepale na ngazi ikarudi nyumbani nzima, haina hata mkwaruzo, polisi waliileta wenyewe kama watu wanaorudisha mkoba uliosahaulika, imeegemea ukuta wa uani mpaka leo, mwenye nyumba anauliza itaondolewa lini, inaziba njia ya kamba ya nguo... na jana Msomi alipoishika kuisogeza akakuta kidole gumba cha kaka yake kwenye kipago cha tatu, alama ya rangi nyeupe, kimebonyea pale kama kimetia sahihi, akaiacha palepale, na mwenye nyumba akaambiwa aanike nguo zake mbinguni.

"Hapana fundi, mimi nataka original, sitaki hizo za kubahatisha," anasema afisa kwenye simu, ndiyo, bwana mkubwa, wewe unataka original, spea ya gari yako isikosee hata nukta, lakini kaka yangu wa watu ulimpigia bei ya mtumba, nusu saa haijapita, Msomi alikuwepo, alikuwa anahesabu pamoja nawe kimoyomoyo na anakutangulia, maana hii ndiyo hesabu aliyoisomea, takwimu za bima, Actuarial Science kwa wanaopenda kuliimba jina, aliijua hesabu hii kabla hujaanza kubonyeza hicho kikokotoo chako kilichovishwa nailoni, unachukua kipato cha mwezi, unazidisha kupata mwaka, unazidisha kwa miaka ambayo marehemu angeendelea kufanya kazi, unatoa alichokula mwenyewe, kinachobaki ndicho wategemezi wake wamekipoteza, chuoni ilikuwa nzuri kama wimbo, marehemu alikuwa X, hakuna aliyewaambia kwamba siku moja X atakuwa na kidole gumba... "Kipato chake, mna hati ya mshahara?" Fundi rangi na hati ya mshahara! Hana. "Basi tunaweka kima cha kibarua asiye na ujuzi." Asiye na ujuzi, mtu ambaye alikuwa anakata mstari wa dari na ukuta kwa jicho tu, bila utepe, mstari umenyooka mpaka unaona haya kuutazama, asiye na ujuzi, na ukuta huu ulio nyuma ya mgongo wako, afisa, umepigwa rangi mkono mmoja tu, Msomi anaona simenti inachungulia chini ya ile krimu, kaka yake angeingia humu angecheka kabla ya kusalimia, "huyu fundi kala mkono wa pili," ndivyo alivyokuwa akimwambia Msomi kila mahali, benki, zahanati, hata msibani, "ona, Profesa, wamelipia mikono miwili, fundi kapiga mmoja, wa pili kaula," na alikuwa anasema kwa uchungu, kama mtu aliyeibiwa yeye.

Halafu miaka. "Kazi ya kupanda ngazi ni ya hatari," afisa alisema, "hatuwezi kumpa miaka yote, angeweza kuanguka mwenyewe wakati wowote," yaani kampuni ya bima inamdai marehemu ajali ambayo hakuipata, inaikata kwenye ajali aliyoipata, jamani, with all due respect, hata shetani akiletewa hesabu hii ataomba muda wa kuipitia... na akapunguza miaka, tik, tik, tik, halafu akauliza, "alikuwa ameoa?" Hajaoa. "Basi angeoa," akasema afisa, na akaondoa fungu la mke, mke! Mke gani, yuko wapi, ana jina gani, mbona hakuja matangani, kaka yake amekaa duniani bila kupata hata wa kumfulia shati, leo amekufa wamemwoza bila posa wala shahidi, na mke mwenyewe ameingia na sufuria lake moja kwa moja kwenye fungu la mama, na Msomi anajua kwa nini hakuoa, yule fundi cherehani wa mtaa wa pili alimngoja mpaka akachoka, akaolewa na mwingine, kwa sababu kila alipokusanya cha kwenda kujitambulisha ukweni, ada ya chuo nayo inabisha hodi, ada ya nani, ya huyu hapa anayekohoa.

Na mama yuko pembeni anatabasamu kidogo, anaona fahari, ameuliza kwa kunong'ona, "nimejibu vizuri?" Umejibu vizuri mama, umejibu vizuri mno, umeifunga kesi kwa mkono wako... maana anayelishwa na binti hakulishwa na mwana, na kama hakulishwa na mwana hajapoteza chochote, no dependency, no claim, andika sifuri, piga muhuri, asante kwa kuja, na kodi ya nyumba je, na vidonge vya presha vya mama ambavyo vimebaki vya kuhesabu kwa vidole je, hivyo navyo vitapigwa muhuri? Msomi amefuata masharti yote ya hawa watu, amekuja na cheti cha kifo, na ripoti ya polisi, na barua ya serikali ya mtaa, kila karatasi na kivuli chake, jambo moja tu hakulikumbuka, kwamba mama anaweza kuulizwa, na mama akiulizwa anasema kweli, kweli yake, aliyopewa na watoto wake wawili wamekaa wameitunga.

Kaka ndiye aliyeitunga. Mwaka ule Msomi aliporudi na joho la kukodi, picha imetundikwa ukutani, mtaa mzima umeshaambiwa, barua za kazi zinatoka na majibu hayarudi, au yanarudi yote yameshonwa na cherehani moja, we regret to inform you, hata jengo hilihili liliwahi kuregret, alikaa kwenye korido hiyohiyo ya nje na begi jipya ambalo kaka alilinunua kwa malipo ya kupaka ukumbi mzima, wakamuuliza ana uzoefu gani wa kukokotoa madai ya vifo, akasema hana, wakasema nenda kapate uzoefu... haya, ameupata... na mama akaanza kukonda kwa aibu, majirani wanauliza kwa ile sauti ya huruma yenye meno, "msomi wetu hajapata bado?" ndipo kaka akamwita nyuma ya nyumba, vidole vimejaa rangi ya kijani ya shule ya watu, akasema, "Sikia, Profesa, mimi nitakuwa bosi wako." "Bosi wa nini?" "Bosi, basi. Nikipata nakutumia wewe, wewe unamtumia mama." "Si umpe mwenyewe?" "Mimi nikimpa ataniuliza rangi ya nani nimeuza. Wewe ukimpa atavaa gauni lake aende kutembea kwa watu." "Na wewe je, atakuona hufai." Akacheka, alikuwa na pengo pembeni lililoonekana akicheka sana, "si ananiona hivyo tangu zamani, gharama zimeshalipwa hizo," na akajiandika mwenyewe kwenye simu ya dada yake, Bosi, na kila mwisho wa mwezi simu inalia, ujumbe ni uleule, "Bosi amelipa. Fanya kazi kwa bidii," na alama ya kucheka, na mama akiusikia mlio anauliza kutoka jikoni, "bosi kalipa?" "Kalipa, mama." "Mungu amzidishie, ana utu huyo mzungu," maana kwa mama bosi asiyeonekana lazima awe mzungu, na mzungu mwenyewe yuko pale mlangoni, anajikwangua rangi kwenye kucha, anaitikia, "amina."

Kilemba cha ukoka kinavalishwa mtu ambaye hajijui, lakini Msomi alijijua, alikivaa akiona majani yanavyokauka, kila asubuhi begi begani, "naenda kazini, mama," kwenda kukaa maktaba kutuma barua ambazo hazisomwi, na kaka anatoka nyuma yake na ngazi, na mama anamsindikiza yule kwa dua na huyu kwa maneno, "ona mwenzako, ona mdogo wako, wewe mtu mzima mpaka lini kuvaa suruali yenye ramani ya dunia," na kaka, "mama, hii nchi hapa gotini bado haijagunduliwa," na mama anageuka asicheke, na siku ile, siku ile... basi, fundi wa gari, usimalize, niambie rejeta, niambie breki, breki hasa, kuna watu breki zao... siku ile mama alikuwa na hasira, sukari ilikuwa imeisha, akamwambia kaka akiwa ameshaweka ngazi begani, "ungekuwa na nusu ya moyo wa dada yako nyumba hii ingekuwa na sukari," na kaka akamtazama Msomi, jicho moja likafunga, lile la utani, akasema, "nusu, mama? Mimi hata robo inanitosha," akatoka, ngazi ikagonga fremu ya mlango kama kawaida yake, ndiyo sauti ya mwisho... na Msomi alikuwa amesimama palepale, na neno lilikuwa kooni, mama, sukari yote uliyowahi kunywa ni ya huyu, neno fupi tu, akalimeza, funika kombe mwanaharamu apite, na mwanaharamu hakupita, amekaa hapa mbele yao anaongea habari za gari.

Na tangu mazishi, jambo hili ndilo linalomla usiku na mchana, mwezi umeisha na simu haikulia, mama akangoja, akauliza kwa upole, "bosi kachelewa?" Kachelewa, mama. Mwezi wa pili umeisha, mama akasema, "mwandikie, mwambie tumefiwa na kaka yako, atuelewe kidogo, si ni mtu na yeye," na Msomi akaenda chooni, akafungua simu, akaandika kweli, kama mwendawazimu, kwa Bosi, "tumefiwa, tunaomba utuelewe," akatuma, ujumbe ukaenda, tiki moja, mpaka leo tiki moja, simu ya upande wa pili iko polisi kwenye mfuko wa nailoni na kioo chake kimekuwa unga.

"Sasa wewe fundi unanizungusha," anasema afisa, ameegemea kiti, na kwa ule mkono wa kulia, kwa kujipa kazi tu, kama mtu anayechora akiwa kwenye simu, ameanza kuweka duara dogo kwenye kisanduku, Msomi anaisoma karatasi kichwa chini miguu juu, mchango wa marehemu kwa wategemezi, na duara linazungushwa, linazungushwa, sifuri moja nene kama tundu la kisima, bado hajaithibitisha, anaichezea... nyamaza basi, akili yake inamwambia, akili yenye digrii, funga mdomo, fedha ni fedha lakini mama ni mmoja, ukisema utampa fidia kwa mkono huu na kwa mkono huu utamchoma kisu, atajua kwamba mwana aliyetukanwa naye akitoka mlangoni ndiye aliyekuwa amembeba, presha yake unaijua, utamzika na yeye, waache wale fedha zao, utauza begi, utafua nguo za watu, utavunja kokoto, mama afe akiamini alichoamini... na karibu ameshakubali, Mungu anamwona, kichwa kilishaanza kuinama kusema ndiyo, ni mimi, ndipo mama akamvuta mkono wa blauzi, akamnong'oneza huku anamchungulia afisa, "mbona huyu baba anauliza sana habari za kunisaidia, wanataka kumshtaki marehemu?" Hapana mama. "Maana kama ni hivyo mwambie mimi sina kinyongo naye, hakunisaidia, kweli, lakini alikuwa mtoto wangu, hakuwa na roho mbaya, mkono wake tu haukuwa na baraka, mwambie nimeshamsamehe."

Nimeshamsamehe.

Amemsamehe nini... amemsamehe nini, jamani, dunia nzima ingesimama iulize, amemsamehe kodi aliyolipa, amemsamehe vidonge, gauni la kutembelea, ada, begi, amemsamehe mke aliyemkosa, Msomi angeweza kustahimili yote, kibarua asiye na ujuzi angestahimili, miaka iliyokatwa, yule mke wa kuzuka, hata sifuri ya afisa angeipeleka nyumbani akalala nayo, lakini msamaha huu hapana, msamaha huu unamzika kaka yake mara ya pili na safari hii bila sanda, na mama atautoa kila siku, atausema kwenye dua, ewe Mola mrehemu yule ambaye hakunisaidia, na Msomi aitikie amina, kama alivyokuwa akiitikia kaka pale mlangoni, tofauti ni kwamba yule alikuwa anaitikia wema wake mwenyewe na huyu ataitikia wizi... halafu presha, presha ni kweli, lakini mama huyu amezika mume, amezika mwana, amelala kwenye sakafu ya hospitali na hakuvunjika, nani kamwambia Msomi kwamba mama ni glasi, ni yeye anayetaka mama awe glasi ili apate sababu ya kutosogea, anayeogopa si presha ya mama, anaogopa ile siku ya kesho bila begi, bila dua ya mlangoni, kuitwa kwa jina alilonalo hasa, mtu asiye na kazi, jobless, sema, aliyelishwa na fundi rangi mpaka fundi rangi akafa... sema, siri ya mtungi ipo kwa kata, na kata ni yeye, simu iko mkobani, ujumbe wote umo, mwezi kwa mwezi, Bosi amelipa, Bosi amelipa, na alama zake za kucheka, wazichukue hizo wazizidishe kwa miaka wanayotaka.

"Haya fundi, jioni nakuja, na ole wako," simu imeshuka mezani, afisa anajifuta shingo, anageuza uso ule wa kazi, "samahani mama, tulikuwa wapi... eeh, matunzo, kwa hiyo niandike marehemu hakuwa akichangia, sivyo?" na kalamu iko palepale juu ya kisanduku, feni haizunguki, kiganja cha mama bado kiko gotini, hakuna kilichosogea ndani ya chumba hiki isipokuwa Msomi amekikamata kile kiganja kwa mikono yake miwili, amekibana kisije kikamponyoka kitakaposikia, nisamehe mama, mimi ndiye wa kusamehewa, nishike na wewe, na kikohozi kimekauka, na mdomo unafunguka... futa, afisa, futa hiyo sifuri mpaka karatasi itoboke, andika kwamba bosi wangu amekufa, andika fundi, usiandike kibarua, mtoe humo mke mliyemwoza maiti, mrudishie miaka mliyomwangusha kwenye ngazi ambayo hakuanguka, mwite mwenye lori, mwite mkubwa wako aliye juu, rudieni hesabu yote tangu mwanzo na safari hii msile mkono wa pili, mlipeni mama yangu alichokuwa akipewa na mwanawe, chote, na muandike aliyempa ni nani, kwa jina lake, siyo langu.